Viongozi wa Wageni Katika Jamaika

Mtu akijaliwa kufika kisiwa cha Jamaika ataona viongozi wengi wanaowatembeza wageni kwa ujira na kuwaonjesha vyakula. Twamshauri amchague yule asemaye asili ya kila chakula. Shelisheli, tulijualo hata sisi wa pwani, lilipelekwa huko na Kapteni Bligh mwaka 1793, ili watumwa walishwe kwa gharama ndogo. Samaki wa chumvi naye alikuwa posho yao. Kiongozi afichaye hayo na kusifu utamu tu hula ujira wa bure. Kisha ampandishe mgeni wake Accompong milimani, kwa wazao wa watumwa waliotoroka, wakapigana na Waingereza hata wakapatana nao mwaka 1739. Huko tarehe 6 Januari, ndiyo Epifania, wenyeji hula pamoja chini ya mwembe uitwao Kindah, yaani jamaa moja.