SHUKA KWENYE SKUTA



Katika mtaa wa Kazimierz, mjini Kraków, Poland, Wayahudi waliishi kwa karne nyingi. Siku hizi unauzunguka kwa skuta ya umeme, ukimfuata mwongoza watalii: sinagogi hili, picha, kona, twende!

Lakini ukifika makaburi ya Remuh, lazima ushuke. Pana ukuta uliojengwa kwa vipande vya mawe ya makaburi, yaliyovunjwa wakati wa Wanazi. Herufi huku, nusu ya jina kule. Kabla ya vita, Kraków ilikuwa na Wayahudi takriban 60,000. Wengi wao waliuawa. Nani angebaki kuzuru kaburi la babu?

Hata hivyo, kuna waliookota vipande hivyo, kimoja kimoja, wakavipanga.

Mpendwa, na wewe unapita mbio. Yuko mjane ambaye tangu matanga yaishe hakuna aliyempigia simu. Yuko mama aliyezika mtoto, na watu wanaogopa kulitaja jina la mwanawe mbele yake.

Leo shuka. Piga simu. Litaje jina hilo.

Hata asiyeacha mtoto, Mungu hamsahau. Soma Isaya 56:5.

Nani unamkumbuka leo? Andika jina lake hapa, tuombe pamoja. Amina.