Mlango Mmoja
Mwaka 1736 Leonhard Euler alithibitisha kwamba madaraja saba ya Königsberg hayavukiki yote katika safari moja bila kurudia hata moja. Mahali penye idadi witiri ya madaraja huwa mwanzo wa safari au mwisho wake tu, na Königsberg ilikuwa na pande nne za namna hiyo.

Bibi alipofariki nilijitungia nadharia: kila ndoto ni kisiwa, kila mlango daraja. Nilijaza daftari zima nikitafuta njia ya kupitia kwake kisha niendelee kuota. Lakini jiko lake lina mlango mmoja. Moja ni witiri. Naingia, ananiuliza, "Umekuja, mume wangu?" Naamka.

Jana nikaisoma kanuni upya: mwisho, au mwanzo. Nikachora kisiwa cha kwanza: jiko la Bibi.