YUKO WAPI MJOMBA?

Mtu akifa kwetu kila mmoja anajua la kufanya. Majirani huleta sukari na kuni, turubai hufungwa, watu hukesha wakiimba na harambee ya jeneza hufanywa. Lakini mtu akipotea, je? Hakuna matanga wala kaburi. Majirani wanakuja siku mbili tatu, halafu wanaanza kunong'ona ati labda alikuwa na mambo yake.

Mjomba wangu, kitinda mimba wa nyanya, alichukuliwa Julai 2024 akiwa kwa kinyozi. Watu wanne wasio na sare walishuka kwenye gari lisilo na namba, wakamtia pingu, wakatoweka naye. Hizo zilikuwa siku za maandamano ya vijana yaliyoanza Juni kupinga Mswada wa Fedha. Mjomba aliandamana siku moja tu, tena silaha yake ilikuwa firimbi.

Mama na nyanya walizunguka vituo vitano vya polisi, hospitali, hata mochari. Kila mahali jibu lilikuwa moja: "Hapa hayuko." Walichopata ni namba ya OB kwenye kijikaratasi, ambacho mama alikifunga kwenye pindo la leso kama pesa. Siku ya tisa, wakili mmoja wa kujitolea akatuambia kuna mlango mwingine wa kubisha, nao ni Mahakama Kuu.

Ombi lenyewe linaitwa hebiasi kopasi. Ni Kilatini, na maana yake ni "uwe na mwili". Nyanya aliposikia "mwili" aliangua kilio, maana kwetu mwili ukitajwa redioni huwa ni maiti. Wakili akamtuliza: "La, nyanya. Hapa mwili ni mtu anayepumua. Jaji anamwamuru anayemshikilia amlete mbele yake, aeleze anamshikilia kwa sheria gani."

Haki hii imo katika Katiba yetu ya 2010, kifungu cha 51. Kifungu cha 25 kinasema haiwezi kupunguzwa kwa sababu yoyote. Kifungu cha 49 kinataka aliyekamatwa afikishwe kortini kabla ya saa 24 kwisha, au siku ya korti inayofuata. Na kifungu cha 22 kinaruhusu mtu kumwombea mwenzake asiyeweza kujiombea, bila kulipa ada ya kufungua kesi.

Shida ni ushahidi. Polisi waliapa kwa maandishi kwamba hawana mjomba. Basi ilibidi sisi tuonyeshe kuwa wanaye, na aliyeona kwa macho ni kinyozi. Yeye ana watoto wadogo, akaogopa. Mama hakumlazimisha. Siku ya tatu alikuja mwenyewe alfajiri, akasema, "Dada, twende nitie sahihi. Nilikuwa nimemnyoa nusu kichwa. Silali nikikumbuka."

Jaji alisoma kiapo chake, akaamuru polisi wachunguze kisha warudi kueleza. Mpaka naandika haya mjomba hajapatikana. Kesi inatajwa, inaahirishwa.

Wengine wanatuuliza, sasa korti imewasaidia nini? Mimi huwajibu hivi. Mwaka huo huo wa 2024, watu watatu walitekwa Agosti upande wa Kitengela na kesi ikapelekwa Mahakama Kuu. Kaimu Inspekta Jenerali wa Polisi aliitwa mara nyingi asifike. Septemba 13 jaji akamhukumu kifungo cha miezi 6 kwa kudharau mahakama. Kifungo hicho kiliondolewa baadaye, lakini wiki moja tu baada ya hukumu, wale watu watatu walionekana wakiwa hai.

Tena kuna jambo jingine. Kabla ya kesi, mtaani walisema mjomba ametorokea Mombasa na mwanamke. Leo hakuna anayethubutu. Jina lake limo kwenye faili ya Jamhuri, na kiapo cha kinyozi kiko kando yake. Kila kesi ikitajwa, lazima mtu wa serikali asimame ajibu: yuko wapi?

Sheria ya Ushahidi inasema mtu asiyesikika kwa miaka 7 huchukuliwa kuwa amekufa. Nyanya hataki kabisa kuisikia hesabu hiyo.

Wanafunzi wenzangu, tusidhani Katiba ni ya kukariri kwa ajili ya mtihani tu. Mtu wenu akichukuliwa, andikeni saa na mahali, dai namba ya OB, mtafuteni aliyeona, kisha mtafuteni wakili mapema. Wahenga walisema kuuliza si ujinga. Sisi tutaendelea kuuliza, na siku ya kesi nyanya ndiye huwa wa kwanza kuvaa viatu.