Rido

Jumamosi, 26 Julai 2025
Baridi ya asubuhi imetukusanya kando ya mbabula, jiko letu la makaa. Mtoto wa mdogo wangu, aliyeolewa mwezi uliopita, amefika kutoka komini ya Kenya, hapa Lubumbashi, simu mkononi. Amenionyesha mchezo wa kuchekesha wa Kihindi: maarusi wapya, nyumba imejaa wakwe, kila wakitaka kukaribiana mlango unagongwa. Nimecheka mpaka machozi. Kisha vichekesho vikaisha, ikabaki miili tu. Nikamrudishia simu. Yeye hakucheka hata mara moja. Ameuliza tu, "Mama mukubwa, ndoa ni hivi?" Watu wakaingia, nikanyamaza. Kimya hicho kinaniuma.

Jumapili, 27 Julai
Kijana wangu amenisomea habari: wiki hii serikali ya India imefunga mitandao 25 ya michezo ya namna hiyo, ULLU na ALTT ikiwemo. Machi mwaka jana ilifunga 18. Sababu ni picha za aibu. Nawaelewa wazazi wa huko. Lakini hata ikifungwa yote, swali la binti yangu linabaki kwangu, si kwa serikali.

Jumanne, 29 Julai
Nimemkumbuka jirani yetu wa zamani, mama wa Kibemba, aliyefundisha wasichana. Kwao mafunzo hayo huitwa chisungu. Audrey Richards, mtafiti Mwingereza, aliyaona ng'ambo ya mpaka, Zambia, mwaka 1931, akayatolea kitabu mwaka 1956: vinyago vya udongo, nyimbo zenye mafumbo, siku nyingi za kucheza na kutaniwa. Mambo ya chumbani yalisemwa bila woga, na watu wakacheka. Ila aliyekuimbia ndiye utakayemgongea mlango usiku ukilia. Simu haina mlango wa kugonga.

Alhamisi, 31 Julai
Hapa Lubumbashi tulikuwa na Mufwankolo na kundi lake la michezo ya kuigiza, redioni na kwenye televisheni, kwa Kiswahili chetu hiki. Hawakusoma maneno yaliyoandikwa. Walipatana juu ya kisa, kisha kila mmoja akatoa maneno yake. Mtafiti Johannes Fabian alifuata kazi yao mwaka 1986, na kitabu chake kikatoka mwaka 1990. Ugomvi wa bibi na bwana ulichezwa hivi kwamba baba na watoto waliweza kukaa kwenye kiti kimoja wakicheka. Ndiyo maana tulikuwa na pa kuanzia mazungumzo.

Jumamosi, 2 Agosti
Nimemwita. Nimesonga bukari, nikafunga mlango, nikaanza kumweleza habari za mwili, zile nilizoona zimempotosha. Akanishika mkono. "Hapana, Mama mukubwa. Hayo tunapatana. Ni ule mlango." Mumewe hajapata nyumba. Wanalala sebuleni kwa wakwe, na kati yao na mama mkwe kuna rido tu, pazia la kitambaa. Wanasikia kila kikohozi, nao wanasikiwa. Mwezi mzima wananong'ona kama wezi.

Kumbe kichekesho kilichonitoa machozi ndicho maisha yake. Mimi nilitazama miili, yeye alitazama mlango.

Nimemwambia chumba chetu cha uani kitakuwa tupu baada ya wiki mbili. Wahamie mpaka wapate kwao. Kwa mama mkwe nitakwenda mwenyewe, kwa heshima, asione ametorokwa. Binti ameinama kidogo, kisha akaanza kunisimulia usiku ule paka alipoangusha rido lote. Tumecheka wawili, mpaka bukari ikapoa.