Ile "dawa" ya Windows 7

Juma lililopita nilikuwa Kitale, na fundi mmoja mwenye kibanda karibu na stejini akanitolea flashi mfukoni. "Hii ndiyo dawa ya Windows 7," akasema. Nikacheka, kisha nikanyamaza. Mwaka 2016, nikiwa kijana wa saiba Bungoma nikingoja kuingia chuo kikuu, nami nilikuwa na yangu.

Kwa wasiojua: kompyuta za kampuni kubwa zilitoka kiwandani na jedwali dogo ndani ya BIOS, liitwalo SLIC. Windows 7 ikilikuta, pamoja na cheti na nambari ya kampuni hiyo, inajua imeshalipiwa. Basi "dawa" huamka kabla ya Windows na kuidanganya kwamba jedwali lipo. Ni ujanja wa hali ya juu, nakiri, hata kama Sheria ya Hakimiliki ya Kenya ya 2001 inaukataza.

Shida ni sharti lake: zima antivairasi kwanza!

Mwalimu mmoja alileta laptopu iliyokuwa na skrini nyeusi na maandishi kwamba nakala si halali. Nikazima antivairasi, nikatia dawa, nikafunga na masasisho yasije yakaiumbua. Shilingi 300. Miezi michache baadaye akarudi: faili zote zimebadilika majina, hakuna inayofunguka. Alama za darasa la nane zimo humo, na picha za marehemu mumewe. Hakunigombeza. Aliniuliza tu, "Mwanangu, si ulisema umeitengeneza?"

Siwezi kuapa kwamba ni ile flashi. Lakini mlango niliufungua mimi, nikauacha wazi. Mei 2017, WannaCry ilipozunguka dunia, kiraka cha Windows 7 kilikuwa kimetolewa tangu Machi. Waliofunga masasisho hawakukipata. Na tangu tarehe 14 Januari 2020 mfumo huo haupati tena viraka vya kawaida, uwe wa halali au wa "dawa".

Haya yote nilimweleza yule fundi wa Kitale, nikamsifia na Linux Mint, ya bure kabisa, haihitaji dawa. Akanisikiliza kwa adabu, akaendelea kupanga picha kwenye programu ya mazishi ya mteja.

"Kaka," akasema, "huyu anazika kesho. Nimwambie angoje nijifunze LibreOffice?"