Dhana ya Utupu katika Mji wa Kale: Mfano wa Songo Mnara

Katika taaluma ya miji ya kale ya Waswahili, jiwe limepewa uzito kuliko udongo. Peter Garlake, katika kitabu chake cha 1966, alieleza kwa kina usanifu wa misikiti na majumba ya pwani. Mwaka 1981 Songo Mnara, pamoja na Kilwa Kisiwani, iliingizwa katika Orodha ya Urithi wa Dunia kwa jina la magofu. Hata hivyo, swali moja lilibaki: mahali pasipo na jengo la mawe palikuwa na kazi gani?

Swali hilo ndilo walilolishughulikia wanaakiolojia Jeffrey Fleisher na Stephanie Wynne-Jones kuanzia 2009. Mji huo, uliokaliwa tangu mwishoni mwa karne ya 14 hadi mwanzoni mwa karne ya 16, una eneo kubwa la wazi ndani ya ukuta wake. Watafiti hao hawakutosheka na kuta. Waliipima ardhi kwa vyombo vinavyotambua vilivyofukiwa kabla ya kuchimba, na kemia ya udongo ikachunguzwa. Upande wa magharibi ulidhihirika kuwa na nyumba za miti na udongo. Katikati palitengwa kwa makaburi. Kwa hiyo, uwazi ule haukuwa masalio ya ujenzi, bali ulikuwa sehemu ya mpango wa mji.

Lugha nayo yaunga mkono ushahidi huu. Neno kiunga hutaja pembezoni mwa mji na pia bustani ya miti ya matunda; yaani mji na kilimo havikutenganishwa. Aidha, neno mahame, litokanalo na kuhama, halisemi kwamba mahali ni patupu; lasema kwamba palikuwa na watu. Kinyume chake, kiwanja katika matumizi ya leo aghalabu ni ardhi inayongoja kujengwa.

Tofauti hii si ya msamiati tu. Sheria ya Ardhi Na. 4 ya 1999 ya Tanzania, katika kufasili ardhi ya jumla, inajumuisha ardhi ya kijiji isiyokaliwa au isiyotumika. Sheria ya Ardhi ya Vijiji Na. 5 ya mwaka huohuo, kwa upande wake, inatambua hata ardhi iliyopumzishwa kuwa ya kijiji. Basi anayeamua kwamba mahali hapatumiki anaamua pia ni nani mwenye mamlaka juu yake. Konde lililopumzishwa, njia ya kwendea pwani na makaburi ya wazee havina kuta za kuvitetea.

Udongo wa Songo Mnara umethibitisha kwamba kutokuwapo kwa jiwe si kutokuwapo kwa matumizi. Ni wajibu wa wanaoandika juu ya ardhi, wawe wanaakiolojia, wanasheria au wanaleksikografia, kuuliza wenyeji kabla ya kuandika neno “tupu”.