Mwanangu kageuka mumiani

Kwa sisi tuliokua tukitishwa na habari za mumiani, kuona mtoto akichagua mwenyewe kuwa mnyonya damu kunashtua. Bibi yake alitaka mashine iuzwe. Mimi nilivuta kiti, nikamwomba kijana, ana miaka 17, anieleze.

Mchezo ni Skyrim, wa mwaka 2011. Ukiambukizwa ugonjwa wa wanyonya damu, una siku tatu za kunywa dawa au kusali kwenye madhabahu. Ukichelewa, umegeuka. Juani nguvu zako hazirudi, na moto unakuumiza kuliko wengine. La ajabu ni njaa: kadiri unavyokaa bila damu, ndivyo uwezo wako unavyozidi, na ndivyo jua linavyokuadhibu.

“Kwa hiyo hunywi?”

“Sinywi, baba. Nikiwa na njaa ndiyo nina nguvu.”

Tangu babu yake afariki, kijana huyu hali nasi mezani, wala sijamwona akilia.

Nikamuuliza kama mtu anaweza kurudi hali yake. Akasema yupo mchawi Falion, mji wa Morthal, anayeponya alfajiri. “Lakini lazima umfuate mwenyewe, useme.”

Hapo nikamtaja babu. Tuliongea hadi saa saba usiku.

Marekani mchezo huu umepewa alama ya miaka 17 na kuendelea, hivyo wadogo wasiuguse. Ila mzazi mwenye kijana, kabla hujazima runinga, uliza kwanza amechagua kuwa nani, na kwa nini.